Nani ana hapsikodi nyumbani? Uchambuzi wa kisa cha mpigaji na mwalimu mmoja wa Uholanzi

Kuhusu kisa chenyewe

Kisa hiki nakiandika kwa idhini ya mwenyewe. Nimempa jina la Bi M., mji wake nimeuficha, na mambo mawili matatu ambayo yangemtambulisha nimeyageuza. Kwa miaka kadhaa mimi ndiye niliyemshikia vitabu vya hesabu, na siku ambazo gari lilikosa mtu wa pili nilimshikia pia ncha moja ya kinanda. Kwa hiyo ninayoyasema mengine nimeyaona kwenye karatasi, mengine nimeyasikia mgongoni.

Kwa asiyeijua hapsikodi: kwa umbo ni ndugu ya piano, kwa tabia ni ndugu ya kanuni, ile ala ya nyuzi ya taarabu. Ukibonya, hakuna nyundo inayougonga uzi. Kijiti chembamba cha mbao kinapanda, na risha ndogo iliyochomekwa ubavuni mwake inaudonoa uzi. Zamani risha hizo zilikuwa za kunguru kweli, leo wengi wanatumia plastiki ngumu iitwayo delrini. Bonya kwa nguvu, bonya taratibu, sauti inatoka kwa ukubwa uleule. Ufundi wote umo katika muda, yaani lini uzi unadonolewa na lini unaachwa unyamaze. Aliyekulia Unguja akisikia taarabu redioni hataona ajabu. Mimi siku ya kwanza niliposikia Bi M. akipiga nyumbani kwake niliuliza kanuni iko wapi.

Usuli

Hapsikodi ilitawala Ulaya tangu karne ya 16 hadi mwishoni mwa karne ya 18, kisha piano ikaifukuza. Ilirudi jukwaani mwanzoni mwa karne ya 20, hasa kwa juhudi za Wanda Landowska, aliyezaliwa Warsaw na kufanya kazi Paris. Lakini vyombo alivyopigia yeye vilitengenezwa kiwandani, vizito, vyenye mwili wa piano. Baada ya Vita vya Pili mafundi wakaanza kurudia vipimo vya vinanda vya kale, na Amsterdam ikawa moja ya vitovu vya upigaji mpya kwa sababu ya Gustav Leonhardt, aliyefundisha pale kuanzia miaka ya 1950 na kufariki Januari 2012. Bi M. alifundishwa na mtu aliyefundishwa na Leonhardt. Kwa watu wa fani hiyo, nasaba ya namna hii huhesabiwa kama silsila ya wanavyuoni.

Alipomaliza chuo alikuwa na mifuko mitatu ya mapato. Wa kwanza ni shule ya muziki ya manispaa, siku mbili kwa wiki, na pensheni. Wa pili ni kontinuo, yaani kazi ya kuwashikia waimbaji na okestra mgongo: mpigaji anapewa mstari wa besi wenye tarakimu juu yake, akodi anazijaza mwenyewe papo hapo. Wa tatu ni maonyesho ya peke yake, ambao kusema kweli ulikuwa kipochi tu.

Mfuko wa pili una msimu kama embe. Kwaresima ikifika, Uholanzi nzima inaimba Mateso ya Mathayo ya Bach, utungo mrefu wa kwaya na okestra kuhusu mateso ya Yesu. Desturi hiyo ilianza kushika mizizi Amsterdam mwaka 1899 chini ya kiongozi wa okestra Willem Mengelberg. Mwaka 1921 likaundwa shirika la Nederlandse Bachvereniging, ambalo hupiga Mateso hayo katika kanisa kuu la Naarden, na leo hata kwaya za miji midogo zina Mateso yao. Mpigaji wa kontinuo anaweza kupata katika wiki tano asichokipata miezi mitano. Tatizo ni kwamba kwenye Mateso viongozi wengi wa kwaya hawataki hapsikodi, wanataka ogani ndogo ya sanduku. Mpigaji anayejivuna kwamba yeye ni wa hapsikodi tu anabaki nyumbani akisikiliza redio. Bi M. alijifunza ogani mapema, bila kuipenda sana, na hilo lilimlisha.

Hapsikodi yake mwenyewe ni nakala ya kinanda cha Kiflemi cha karne ya 17, safu mbili za vibonye, kilo 60 hivi. Aliinunua kwa mkopo. Nilipoanza kumshikia hesabu, mkopo huo ndio ulikuwa mstari mnene kuliko yote.

Yaliyotokea

Kuanzia mwaka 2013 serikali ya Uholanzi ilipunguza bajeti ya utamaduni kwa takriban euro milioni 200 kwa mwaka. Shule za muziki ziko chini ya manispaa, hazikuguswa moja kwa moja na mkasi huo, lakini manispaa nazo zilikuwa na mikasi yao. Shule aliyofundisha Bi M. iliacha kutoa ruzuku kwa masomo ya mtu mmoja mmoja. Siku zake mbili zikawa moja, moja ikawa nusu, kisha barua ikaja: anaweza kuendelea kufundisha katika chumba kilekile, akikikodi. Alikuwa na wanafunzi 11. Wazazi walipoona ada mpya wakabaki 4.

Jambo la kwanza alilofanya lilikuwa kurekodi CD. Aliukodi ukumbi wa kanisa siku tatu, akamlipa fundi wa sauti, akamlipa mtu wa kutuni, yaani kuweka nyuzi kwenye sauti yake, akachapisha nakala 500. Hoja yake ilikuwa hii: akijulikana zaidi kama mpigaji, maonyesho yataongezeka, na maonyesho yataleta wanafunzi. Mimi nilikuwa bado mgeni kwake, nikanyamaza. Nakala nyingi bado zipo, nimezikalia mwenyewe kwenye sanduku nyuma ya gari.

Jambo la pili lilikuwa tangazo la masomo, la kawaida tu, kwenye maktaba na makanisani. Simu zilikuja, si nyingi, ila zilikuja. Alikuwa na daftari karibu na simu ambamo aliandika jina la aliyepiga na neno moja au mawili. Mwisho wa mwaka nilimwomba daftari hilo nikitafuta risiti ya mafuta iliyopotea, nikajikuta nalisoma. Watu 23 walikuwa wamepiga. Kwenye majina 19 aliandika neno lilelile la Kidachi lenye maana ya "hana chombo". Hao wote walikuwa wameuliza swali moja: nina piano ya umeme nyumbani, inatosha? Naye akawajibu kwa upole kwamba haitoshi, na mazungumzo yakaishia hapo.

Nilimwambia, "Bi M., wewe huna upungufu wa wanafunzi. Umewafukuza 19."

Alikasirika. Siku tatu hakunipigia.

Maamuzi na sababu zake

Kukataa piano ya umeme hakukuwa ukaidi mtupu, na ni haki nieleze upande wake. Mtoto anayefanya mazoezi wiki nzima kwenye chombo kinachoitikia nguvu ya kidole, akija kwenye hapsikodi vidole vinatafuta kitu ambacho hakipo. Ule mpambano mdogo wa risha na uzi, kabla uzi haujaachia, hausikiki kwenye kidole chake. Hata mwanafunzi wa kanuni akipewa kinanda cha umeme chenye "sauti ya kanuni" atakwambia tofauti. Kosa lake halikuwa kwenye hukumu hiyo. Aliishia kwenye "haitoshi" bila kuuliza "sasa kitatoka wapi kinachotosha?"

Jibu lilikuwa darini kwa watu: vyombo vya zamani visivyotumika, vya kununua na kuwakopesha wanafunzi. Tangu miaka ya 1960, baada ya Wolfgang Zuckermann wa New York kuanza kuuza hapsikodi za kuunganisha nyumbani, kila kipande ndani ya boksi na maelekezo yake, wahandisi wastaafu na walimu wa hisabati kote Ulaya waliziunganisha. Wengine walizimaliza vizuri, wengine nusunusu. Wajenzi hao sasa wanazeeka au wameshafariki, na watoto wao hawajui wafanye nini na kitu kile kirefu sebuleni. Kuna pia spineti, hapsikodi fupi zenye safu moja, ambazo watu wawili wanazipandisha ngazi bila kutukanana.

Halafu kuna zile za viwanda vya Ujerumani za miaka ya 1950 hadi 1970, ambazo watu wanazitoa bure ilimradi uje na gari. Bi M. hakuzitaka. "Hiyo si hapsikodi, ni kabati lenye nyuzi," alisema. Tulibishana sana hapo. Hesabu zangu zilisema bure ni bure. Mwishowe alikubali moja, na ikawa ndiyo chombo kilichotugharimu kuliko vyote: nzito kupita kiasi, vijiti vyake vina skrubu ndogondogo za kurekebishia ambazo vipuri vyake ni vya kuwinda, na mwanafunzi aliyepelekewa alilalamika vidole. Baada ya miezi minane tuliirudisha tulikoitoa. Nilikosea, na niliandika hasara hiyo kwa wino wangu mwenyewe.

Vya kwanza vilivyofaa vilikuwa spineti mbili na hapsikodi moja ya boksi, vyote kwa bei chini ya gharama ya ile CD. Bi M. alichukua uamuzi ambao sasa naona ndio uliobeba mengine yote: hatamlipa fundi. Alikwenda kwa mjenzi mmoja mzee, kila Jumatatu kwa majira mawili ya baridi, akajifunza kukata risha. Ni kazi ya kisu na kioo cha kukuzia: unakwangua delrini chini kwa chini, nywele moja zaidi na sauti inakufa, nywele moja pungufu na kibonye kinakuwa kizito. Vinanda vya watoto alivikatia risha laini, uzi udonolewe bila jasho. François Couperin, mpigaji na mtunzi wa Ufaransa, alishauri hivyohivyo katika mwongozo wake wa 1716: mtoto aanze kwenye spineti au safu moja tu, na risha ziwe dhaifu.

Masharti yakawa mepesi. Mwanafunzi analipa ada ya mwezi inayobeba somo na chombo pamoja. Akiacha, chombo kinarudi. Hakuna mkataba, hakuna dhamana, watu wanaaminiana.

Ubao uliopasuka

Januari ya pili simu ililia usiku. Familia moja ilikuwa imesogeza spineti ukutani ili kupata nafasi ya mti wa Krismasi, na ukutani hapo kulikuwa na rejeta ya kupashia nyumba joto. Mti uliondoka, spineti ikabaki. Ubao wa sauti ni bapa la mbao nyembamba kama la milimita tatu hivi, umegundishwa pembeni pande zote na kubeba mvuto wa nyuzi zote kupitia daraja lake. Hewa ikikauka unasinyaa, na ukikosa pa kwenda unapasuka. Ulipasuka kwa urefu wa kiganja.

Nani alipe? Mama wa mtoto alisema hakuna aliyemwambia. Bi M. alisema kila mtu anajua. Hakuna anayejua: mtu aliyezoea piano ya umeme anaiweka hata juu ya jiko. Familia iliondoka, spineti ilirudi, na Bi M. alitumia wiki mbili kujaza ufa kwa vipande vya mbao ya msonobari.

Baada ya hapo mkataba ukaandikwa. Ukurasa mmoja. Kila chombo kinakwenda na kipima unyevu cha bei rahisi, na mwenye nyumba anatuma picha yake kila Jumapili majira ya baridi. Unyevu ukishuka chini ya asilimia 45, beseni la maji au mashine ya mvuke inawashwa. Dhamana ni ada ya miezi mitatu. Hakuna aliyekataa kusaini. Baadhi walisema sasa wanaona wamepewa kitu cha thamani.

415 au 440

Hili lilinishangaza kuliko yote. Wapiga muziki wa kale hutuni noti ya A kwenye mitetemo 415 kwa sekunde, karibu nusu toni chini ya 440 wanayotumia wengine. Bi M. alivituni vyombo vyote 415, bila kufikiri, kama mtu anavyovaa kiatu cha kulia mguu wa kulia. Kisha msichana mmoja wa miaka 12 akaacha. Hakuchoka na masomo. Rafiki yake alipiga filimbi, walitaka kupiga pamoja kwenye sherehe ya shule, na kila walichopiga kilisikika kama paka wawili. Chombo chake kilikuwa hakina safu ya vibonye inayosogea, ile inayoteleza hatua moja na kukuhamisha kutoka 415 hadi 440.

Bi M. aliumia. Kwake 415 ilikuwa sehemu ya adabu ya kazi. Hata hivyo alivipandisha taratibu vyombo vya watoto vilivyoweza kubeba mvuto huo, vingine akaviacha kwa watu wazima, ambao hawana rafiki wa filimbi.

Machi 2020

Tarehe 12 Machi 2020 serikali ilipiga marufuku mikusanyiko ya watu zaidi ya 100. Ilikuwa mwezi mmoja kamili kabla ya Pasaka. Mateso yote yakafutwa, na mfuko wa pili wa Bi M. ukatoboka ndani ya siku moja. Alipata msaada wa serikali kwa waliojiajiri, lakini uliotuokoa ulikuwa mfuko wa kwanza, wa ufundishaji, ambao sasa ulikuwa masomo yake binafsi. Walimu wenzake ambao wanafunzi wao walitegemea chombo cha darasani waliishiwa masomo siku hiyohiyo. Wa kwake walikuwa na vyombo majumbani.

Masomo kwa video yalikuwa mabaya. Programu zile zinaidhani sauti ya uzi uliodonolewa, inayofifia haraka, kuwa ni kelele, zinaikata. Alichofanya ni kuwaambia wanafunzi wajirekodi kwa simu na kutuma, yeye anasikiliza, anajibu kwa kupiga. Polepole, lakini iliwezekana. Pia aliwafundisha kutuni wenyewe, kwa sababu hakuweza kwenda. Hilo alilikwepa miaka yote akiogopa watakata nyuzi. Walikata nyuzi kadhaa, wakajifunza.

Matokeo

Nilipoacha kumshikia vitabu, vyombo 9 vilikuwa nje na wanafunzi walikuwa 17, zaidi ya nusu yao watu wazima. Mapato ya mwaka yalikuwa yamekaribia yale ya wakati wa shule ya manispaa, ila pensheni aliyokuwa akichangiwa haikurudi na haitarudi. Maonyesho ya peke yake yamebaki mawili au matatu kwa mwaka. Kuna vipande virefu alivyovipiga akiwa na miaka 30 ambavyo leo anasema hana wiki za kuvirudisha vidoleni; wiki hizo zinakwenda kwenye risha na kwenye barabara.

Uchambuzi

CD ilikuwa jibu la swali ambalo hakuna aliyeliuliza. Wapigaji wengi hufikiri kazi ina mlango mmoja, jukwaa, na ufundishaji ni chumba cha nyuma. Kwa hapsikodi ni kinyume: watu wengi wameisikia, wachache mno wameigusa, na kizuizi kiko kati ya sikio na kidole. Daftari la simu lilikuwa na habari hiyo mwaka mzima. Nasema hivi bila kujisifu, maana nililisoma kwa bahati.

Couperin, yuleyule, alisimulia kwamba alipofundisha watoto wadogo aliondoka na ufunguo wa kinanda ili wasiharibu asipokuwepo alichowafundisha kwa robo tatu ya saa. Nadhani Bi M. alikuwa na ufunguo huo mfukoni bila kujua. Kila mwanafunzi aliyefanya mazoezi mbele yake tu alikuwa salama dhidi ya makosa, na pia alikuwa anaondoka baada ya mwaka mmoja. Tangu vyombo viende majumbani makosa yaliongezeka, na nusu ya somo siku hizi ni kufumua yaliyofumwa vibaya. Wanafunzi wanakaa lakini. Wanne waliobaki mwaka 2013, watatu walikuwa na vyombo vyao nyumbani. Hilo nalo tulilitazama kwa kuchelewa.

Ada moja inayobeba somo na chombo ilivutia wateja na ikaniharibia vitabu. Uholanzi somo la muziki kwa aliye chini ya miaka 21 halina VAT, kwa mtu mzima lina asilimia 21, kukodisha chombo ni asilimia 21 kwa wote, na onyesho la msanii lilikuwa asilimia 6 hadi mwaka 2019 ilipopanda kuwa 9. Ukifunga vyote kwenye fungu moja, mkaguzi anakuuliza kipi ni kipi. Tulizitenganisha ankara mwaka wa tatu, na kwa watu wazima bei ikaonekana imepanda ingawa haikupanda. Wawili waliondoka. Bora tungeanza na mistari miwili tangu siku ya kwanza.

Kosa kubwa zaidi la hesabu bado lipo. Saa za kutuni, za kukata risha na za kuendesha gari hajawahi kuzitoza. Anaziita "za kwangu". Nilizihesabu mwezi mmoja wa Novemba, nyumba zinapoanza kupashwa joto na nyuzi zote zinahama: zilizidi saa alizofundisha. Kujifunza ufundi kulimwokolea gharama ya fundi, kisha kukamgeuza yeye kuwa fundi wa bure. Pale ndipo wiki za vile vipande virefu zilipokwenda.

Kwa walimu wa kanuni na gambusi wanaosoma hapa, mkopo wa chombo unahamishika, mkataba wa ukurasa mmoja unahamishika. Msimu wa Mateso hauhamishiki, na bila msimu ule Bi M. asingekuwa na pesa ya kununua spineti ya kwanza.

Sasa anawaza kuvitoa vyombo mikononi mwake na kuviweka chini ya wakfu wenye bodi ndogo, ili akiugua au akifariki visirudi darini kwa watu. Mmoja wa wanafunzi wake wazima ni mwanasheria na ameandika rasimu. Bi M. ameirudisha mara mbili. Kipengele kinachomsumbua ni kile kinachosema bodi inaweza kuamua vyombo vituniwe kwenye ngapi.